Kaburi la Getini

Watu huzika nyuma ya nyumba. Ploti ikiwa ndogo, wanazika kwenye kona ya ua, mahali ambapo gari halipiti na watoto hawachezi. Nzioki alimzika mama yake getini. Ukifungua geti la ploti yake kule Mwihoko, kitu cha kwanza kukutana nacho kilikuwa msalaba.

Waliokuja mazishini waliona, wakanyamaza. Mazishini si mahali pa kuuliza maswali. Waliouliza ni vijana wa mtaa waliolipwa kuchimba.

"Mzee, ni hapa kweli? Gari itapita wapi?"

"Chimba," Nzioki akawaambia.

Gari hakuwa nalo tena. Alikuwa na lori moja lililomlisha vizuri kwa muda mrefu, likibeba mawe ya kujengea kutoka machimbo ya Ndarugo hadi Ruiru na Githurai. Mtu mwenye lori moja huota mawili. Akapeleka hati ya ploti benki, akachukua mkopo, akanunua la pili. La pili likapinduka kwenye mteremko wa machimbo likiwa na mzigo. Bima ikakataa kulipa kwa sababu leseni ya dereva ilikuwa imekwisha, na lile la kwanza likauzwa ili dereva atoke hospitali. Benki haikuwa na haja na habari za mteremko. Iliandika, ikaandika tena, kisha ikawaita madalali.

Mama yake, Kanini, alikuwa akikaa naye wakati huo ili awe karibu na kliniki ya sukari Thika. Mkewe Nzioki alikuwa amerudi kwao zamani, kwa hivyo nyumba ile isiyopigwa lipu ilikuwa na watu wawili tu, yeye na mama. Kanini hakuipenda Mwihoko. Alikuwa mtu wa Matuu, na Matuu ndiko alikozikwa mumewe, na kando ya kaburi la mumewe palikuwa na nafasi ambayo hakumruhusu mtu yeyote kupanda hata haragwe. Siku moja Kavata, dada mdogo wa Nzioki, alikuwa amekuja kumsuka, na mama akasema mbele yao wote wawili:

"Nikifa mnipeleke kwa baba yenu. Msinilaze na watu nisiowajua."

Alikufa wiki ileile tangazo la mnada lilipobandikwa getini.

Njau ndiye aliyeleta lile wazo. Alikuwa jirani, fundi wa mabomba, na alikuja kutoa pole akiwa bado na mkasi wa mabomba mfukoni. Alikunywa chai, akasifu chai, kisha akasogeza kiti.

"Nakwambia kitu kama ndugu. Hakuna mtu wa hapa atanunua shamba iko na kaburi. Mkikuyu hanunui. Nyinyi Wakamba ndio kabisa. Hata ukimpatia bure anaruka ua anatoroka. Mjomba wangu aliokoa shamba yake hivyo."

"Hivyo vipi?"

"Alizika." Njau akanywa tena. "Sisemi ufanye, baba. Nasema tu hiyo kitu iko."

Mtu aliyebanwa na benki husikia kila kitu kama ushauri.

Kavata alipofika na kukuta kamba imefungwa kwenye vigingi karibu na geti, alidhani ni mahali pa hema.

"Mwaitu alisema Matuu," akasema alipoelezwa. Mwaitu ni mama yetu, hivyo ndivyo Wakamba wanavyomwita.

"Pesa ya kumpeleka Matuu iko wapi?"

"Kanisa langu litachanga. Matuu si Mombasa."

"Mimi ndiye mkubwa, Kavata."

"Najua wewe ndiye mkubwa. Ulikuwa umekaa pale na ukubwa wako mwaitu akisema."

"Nimesema atalala hapa."

Kavata akatazama vigingi, akatazama geti, akamtazama kaka yake. "Hapa mlangoni?"

Nzioki akaenda kuwaonyesha watu wa hema pa kuteremshia viti.

Mambo yakaenda kama Njau alivyosema. Kabla ya mnada walikuja watu kuikagua ploti, wengine kwa magari mazuri. Nzioki aliwachungulia dirishani. Mmoja alifungua geti, akaona msalaba, akarudisha geti polepole kana kwamba amefungua mlango wa choo na kumkuta mtu ndani. Mama mmoja aliita jina la Yesu. Siku ya mnada dalali alipiga kelele zake zote, na hakuna mkono ulioinuka.

Jioni ile Nzioki alinunua nusu kilo ya nyama ya mbuzi, akala palepale buchani akiwa amesimama. Alirudi nyumbani vidole vikiwa na mafuta. Alipopita kaburini akasema, "Asante, mwaitu."

Halafu akasikia alichosema. Alisimama pale, mkono mmoja bado uko kwenye komeo la geti, na uso ukamchoma kama mtu aliyepigwa kofi sokoni. Hakuna aliyemwona. Hilo halikusaidia kitu. Aliingia ndani, akanawa mikono kwa sabuni ya kufulia, na tangu siku hiyo akawa anapita karibu na kaburi akiangalia upande wa pili.

Mnada ukatangazwa tena. Safari hii alikuja mwanamke mmoja peke yake, amevaa buibui na raba. Alikuwa Zubeida, mjane mwenye kibanda cha mapazia na mashuka kule soko la Githurai 45.

"Hodi. Nimekuja kuona ploti."

"Umeona kaburi?" Nzioki akamwuliza.

"Nimeliona. Pole sana. Ni nani?"

"Mama yangu."

"Mungu amrehemu." Aliinamisha kichwa. Kisha akainua kichwa. "Maji ya mfereji yanafika huku?"

"Mama, wewe huogopi kununua mahali pana maiti?"

"Mimi nimefukuzwa nyumba za kupanga hadi nimezoea, na walionifukuza wote walikuwa wazima na afya yao. Maiti hajawahi kunipandishia kodi." Akatazama kuta. "Hii nyumba ulijenga vizuri. Mbona hukupiga lipu?"

Zubeida aliinunua.

Nzioki akaenda Thika kwa wakili. Wakili Mitchell alikuwa msichana bado, Nzioki alikuwa na nyundo za mawe zilizomzidi umri, lakini alisoma zile karatasi zote bila kuinua macho, na alipoinua alisema mambo yanayoeleweka.

"Tutaomba mahakama ifute mauzo. Tutasema notisi haikuja kwa njia inayotakiwa na bei ilikuwa ya kutupa. Hizo ni hoja, lakini kila mtu huja na hizo. Wewe uko na kaburi. Jaji naye amezaliwa na mama. Kama marehemu mwenyewe aliomba alale pale, jaji atafikiria mara mbili. Aliomba?"

Nzioki akatazama dirishani. Chini watu walikuwa wanavuka barabara na mizigo yao.

"Aliomba."

"Nani mwingine alisikia?"

"Dada yangu."

Kavata aliishi Kiandutu, mtaa wa mabanda kule Thika, chumba kimoja cha mabati, na mbele ya chumba aliuza githeri, mahindi na maharagwe ya kuchemsha. Nzioki alimkuta akichambua maharagwe kwenye ungo. Alimweleza akiwa amesimama, maana hakukaribishwa kiti. Kavata alimsikiliza bila kusimamisha vidole.

"Kwa hivyo unataka nishike Biblia niseme mwaitu alitaka Mwihoko."

"Sikiliza, mwanaa mwaitu." Mtoto wa mama yetu. Alikuwa hajamwita hivyo tangu mazishi. "Ploti ikienda, mama anabaki getini kwa mtu baki. Ikibaki yangu, mimi mwenyewe nitamtoa nimpeleke Matuu. Naapa."

"Unaapa kwa nani? Kwa huyohuyo unataka nimdanganye?"

Nzioki akatazama ungo.

"Yaani nikisema alitaka Mwihoko, ndipo atafika Matuu."

"Ndiyo."

Kavata akacheka kwa pua. "Wewe uliingia biashara ya mawe bure. Ungesimama ubunge." Akapepeta ungo, makapi yakaruka hadi kwenye viatu vya kaka yake. "Nitasema. Lakini usifikiri ni ploti yako nimeonea huruma."

Siku ya kutoa ushahidi alikuja na kitambaa cha kichwani cha akina mama wa kanisa. Nzioki alitamani angevaa kitu kingine. Alishika Biblia, akaapa, akaulizwa na Mitchell maswali waliyokubaliana, akajibu sawasawa. Ingeishia pale. Lakini wakili wa benki, mwanaume mnene mwenye sauti ya upole, akasimama.

"Pole kwa msiba, mama. Nina jambo dogo tu. Ploti ile ina nyuma, ina pembeni. Marehemu aliomba azikwe getini? Alilitaja geti?"

Watu wakacheka chinichini. Mitchell akaanza kuinuka, lakini Kavata alikuwa ameshafungua mdomo.

"Alilitaja. Alisema, 'Nilaze mahali nitaona watoto wa shule wakipita asubuhi. Kule Matuu hakuna anayepita kwangu. Baba yenu alishanizoea, ataningoja.' Tulikuwa tunamsuka nywele. Nilimwambia, mwaitu, getini kuna vumbi. Akasema, 'Nimezaliwa ndani ya vumbi.'"

Kicheko kikakatika. Jaji, mzee mwembamba aliyekuwa akiandika bila kupumzika, akasimamisha kalamu, akamtazama Kavata, kisha akaandika tena, polepole zaidi. Wakili wa benki akasema hana swali lingine.

Nzioki alikuwa amekaa kwenye benchi la nyuma na kichwa kimezama mabegani. Mama yake alichukia kelele za watoto wa shule. Alisema wanapiga kelele kama mbuzi walionyimwa chumvi. Kila asubuhi wakipita alifunga dirisha. Na sasa Kavata alikuwa amemtengenezea mdomo mpya, mdomo mzuri kuliko ule wa kweli, na mahakama nzima ilikuwa imempenda mwanamke ambaye hakuwahi kuishi. Ile ya kusukwa nywele ndiyo ilikuwa ya kweli peke yake, na ndiyo ilimuuma kuliko zote.

Kavata alishuka, akapita benchi la kaka yake, akaenda kukaa na watu wa kesi nyingine.

Hukumu ilisomwa kwa mtandao. Nzioki siku hizo alikuwa kibarua kwenye yadi ya mawe Ruiru, akipakia mawe kwenye malori ya watu wengine, na alijificha nyuma ya rundo na simu mkononi. Mahali fulani kwa mmoja wa waliokuwa kwenye simu jogoo alikuwa anawika, na jaji ilibidi aombe, "Mwenye kuku, tafadhali azime sauti."

Alisoma Kiingereza kirefu ambacho Nzioki alikipata vipande vipande. Mwisho, kwa sababu baadhi ya wahusika hawakusoma sana, akaeleza kwa Kiswahili. Notisi zilifika inavyotakiwa. Bei haikuwa ya kutupa, maana mnada wa kwanza haukupata mtu kabisa. Mauzo ni halali. Ploti ni ya Zubeida.

"Hata hivyo," jaji akasema, na Nzioki akaibana simu sikioni, "mahakama hii iliguswa na ushahidi wa binti wa marehemu. Maneno ya mwisho ya mzazi ni kitu kizito. Marehemu alichagua mahali pake. Naamuru kaburi lile lisifukuliwe wala kuhamishwa na mtu yeyote, na mwenye ploti aruhusu familia kulizuru."

Simu ilikuwa haijapoa Kavata akapiga.

"Umesikia?"

"Nimesikia."

"Lisifukuliwe wala kuhamishwa. Ni mimi nilisema hayo?"

"Ni jaji."

"Ni mimi." Alikuwa analia na anajaribu isisikike. "Nimemfungia mama nje ya kwake, Nzioki. Na Biblia nimeshika." Akakata.

Msimamizi wa yadi akapiga kelele kutoka kwenye lori kwamba mawe hayapandi yenyewe. Nzioki akaenda kupakia.

Alihama, akapanga chumba hukohuko Kiandutu, upande wa mbali na kwa Kavata ili wasikutane njiani. Vitu vyake vingine, mabati na mbao, vilibaki Mwihoko, na alichelewa kuvifuata kwa sababu hakutaka kuliona lile geti. Alipokwenda hatimaye, geti hakulikuta. Mahali pake palikuwa na ukuta mpya. Alizunguka ploti kama mwizi hadi akalipata upande wa pili, kwenye kichochoro.

"Nimelihamisha," Zubeida akamwambia akimfungulia. "Lori la mchanga lingemkanyaga mama. Na pale nimejenga kaukuta kafupi, mbuzi wa jirani wasipande. Umeona? Nyinyi mlikuwa mnaingizia gari wapi?"

"Hatukuwa tunaingiza."

"Ehe." Alimsaidia kushika mwisho wa mbao. Kisha akasema, "Dada yako alikuja. Alikaa pale kutwa nzima, hata maji alikataa. Nikamwambia, mama, kama mnataka kumpeleka mzazi kwenu, mimi sina neno, hata mchango nitatoa. Akaniambia haiwezekani, eti mdomo wake ndio umefunga mlango. Sikumwelewa."

Nzioki aliweka mbao chini. Hakuwahi kuelewa kitu upesi hivyo maishani mwake, hata bei ya mawe.

"Nitarudi kuchukua hizi," akasema, akaondoka bila kitu.

Mitchell alimsikiliza mpaka mwisho. Safari hii alikuwa haandiki.

"Nilikuuliza hapahapa," akasema. "Ukaangalia dirisha, ukaniambia aliomba."

"Nilikuambia hivyo."

"Unajua umenifanya nini mimi? Nimesimama mbele ya jaji na uongo wako kifuani kama beji." Akasogeza kiti nyuma. "Ili amri ibadilishwe, lazima jaji aambiwe ushahidi ule ulikuwa wa uongo. Dada yako aliapa. Kiapo cha uongo kina jela, mzee."

"Mimi ndiye nilimtuma."

"Hilo pia lina jela."

"Basi iandike hivyo. Kwamba ni mimi nilimtuma."

"Ombi nitaliandika. Lakini mimi sitalisema kwa niaba yako. Utasimama mwenyewe, kwa mdomo wako, kila neno."

Nzioki hakumwambia Kavata tarehe ya kesi. Kavata alijua kwa namna yake, maana Nzioki alipoingia mahakamani alimkuta tayari amekaa, mkoba magotini. Zubeida naye alikuwepo, kwa kuwa ploti ni yake. Wakili mnene wa benki alikuja pia, ingawa benki haikuwa na kitu tena pale. Labda alitaka kuona.

Jaji alisoma ombi, akavua miwani.

"Bwana Nzioki, mimi nililala na maneno ya dada yako. Niliyasimulia nyumbani kwangu. Sasa unaniambia hayakusemwa."

"Hayakusemwa, mheshimiwa. Mama alisema apelekwe Matuu kwa baba. Tulisikia wote wawili. Huyu dada yangu mimi ndiye nilimwambia aseme vile. Nilimdanganya kwamba ndiyo njia ya kumfikisha mama nyumbani."

"Na wewe kwa nini hukumzika Matuu?"

Nzioki akasema kitu.

"Sema kwa sauti. Mashine haikusikia."

"Nilitaka mnada uharibike!" Ilitoka kama anamwita mtu ng'ambo ya machimbo. Akajaribu tena, chini zaidi. "Watu wa kwetu hawanunui palipo na kaburi. Nilijua wakifungua geti wakamwona, watarudi."

"Kwa hivyo mama yako ulimweka pale getini kama..." Jaji hakumaliza. Aliangalia karatasi zake, akitafuta neno ambalo mtu mzima anaweza kumwambia mtu mzima.

Nzioki alimmalizia. "Kama mbwa, mheshimiwa."

Hakuna aliyecheka. Zubeida akajifunika mdomo kwa ncha ya mtandio. Kavata akasimama, akatoka nje, na mlango wa mahakama ukajipigapiga nyuma yake. Wakili wa benki alikuwa anaangalia viatu vyake mwenyewe. Nzioki alibaki amesimama na mikono ikining'inia, mikono mikubwa ya mtu wa mawe, na kwa mara ya kwanza hakujua iwekwe wapi.

Jaji akaandika kwa muda. Kisha akasema amri ya kwanza imeondolewa, marehemu afukuliwe mbele ya afisa wa afya na apelekwe Matuu, gharama zote juu ya Nzioki. Kuhusu viapo, faili itakwenda kwa wanaochunguza mambo hayo, na ataandika ndani yake ni nani aliyemtuma nani. "Wakikuita, uitike," akamwambia.

"Nitaitika."

Walimtoa asubuhi moja yenye ukungu. Alikuwepo afisa wa afya na glavu zake, askari mmoja, na vijana walewale wa mtaa, ambao safari hii hawakuuliza chochote. Njau alisimama nje kwenye barabara, akavua kofia, hakuingia. Zubeida alivunja kile kiukuta chake kwa nyundo yeye mwenyewe, akayapanga mawe kando. Sanduku lilikuwa limeanza kulegea, wakaliweka ndani ya lingine. Kavata alipanda mbele kwenye pikapu pamoja na dereva. Nzioki alikaa nyuma na sanduku, akilishika lisiteleze kwenye matuta, hadi Thika, na kutoka Thika barabara ya Garissa hadi Matuu.

Kule watu walikuwa wengi. Msiba wa pili wa mtu mmoja ni jambo ambalo kila mtu hutaka kulielewa. Walikuwepo wanawake waliomzalisha Kanini, na wanaume waliomfundisha Nzioki kulenga ndege kwa manati. Hawakulia. Hawakujua kama inafaa kulia. Mchungaji aliomba kwa ufupi, naye alionekana hajui amwombe Mungu nini hasa, kisha akauliza kama familia ina neno.

Kavata akamgeukia kaka yake. Lilikuwa neno la kwanza kumwambia tangu mahakamani.

"Waambie."

Nzioki alifikiri mahakama ndiyo ilikuwa ngumu. Mahakamani kulikuwa na watu asiowajua. Hapa alijua meno ya kila mtu. Aliwaambia kuhusu lori, benki na mnada. Aliwaambia kuhusu geti. Alipofika kwa Kavata, akasema, "Na huyu hana kosa," kisha akamalizia.

Mzee Kitheka, mdogo wa baba yake, mtu asiyejua kusema kwa chini, akauliza kutoka nyuma, "Na hiyo ploti? Ilipona?"

"Haikupona."

"Aaa," mzee akasema. Mtu mmoja akakohoa. Basi ikawa hivyo tu.

Sanduku likashushwa. Kule Matuu kaburi hufunikwa kwa kupokezana. Mwana mkubwa huanza, anatupa udongo mara chache, kisha mwingine anakuja kumgusa bega na kuchukua sepetu, na mwingine anampokea huyo, vijana wanashindana, udongo unakwisha watu wakiwa bado wanaimba. Mzee Kitheka akampa Nzioki sepetu. Nzioki akaanza. Wanawake wakaimba ubeti mmoja, wakaimba wa pili, wimbo ukaisha.

Udongo wa Matuu ni mwekundu na mzito. Alitupa, akatupa, shati likamganda mgongoni. Aliinua macho mara moja. Wanaume walikuwa wamesimama kwenye duara, mikono nyuma, vijana wenye nguvu, binamu zake, watoto wa shule ya Jumapili aliowahi kuwanunulia soda. Hakuna aliyesogea. Kavata alikuwa kati yao, mkoba kifuani, akiangalia shimo wala si yeye.

Nzioki akarudisha macho chini, akaingiza sepetu tena.